Ile "zumari" ya filamu ya Nagin ilitoka wapi?

Mama mmoja wa Tanga ameniandikia hivi:

"Marehemu mume wangu alikuwa mpenzi mkubwa wa filamu za Kihindi. Wimbo aliokuwa akiupiga mluzi kila asubuhi akinyoa ndevu ni ule wa mcheza nyoka katika Nagin. Juzi mjukuu wangu kausikia kwenye simu, akaniambia, 'Bibi, hiyo si zumari, hiyo kompyuta.' Nikamuuliza, mwaka 1954 kompyuta ya kupiga muziki ilikuwa wapi? Tunabishana hadi leo. Ile ni ala gani? Na kama kweli si zumari, basi sisi tulidanganywa miaka yote hii?"

Shikamoo, mama. Pole kwa kuondokewa na mzee, na ahsante kwa swali ambalo mimi, fundi wa vinanda, nimekaa miaka nikingoja mtu aniulize.

Sauti ile haikutoka kwenye zumari, wala kwenye kompyuta. Ilitoka kwenye kinanda kidogo cha umeme kiitwacho Clavioline, kilichobuniwa Ufaransa mwaka 1947. Aliyekipiga ni kijana mmoja wa Bombay, Kalyanji Virji Shah, na pembeni yake alikuwapo Ravi akipiga hamoniamu. Mtunzi wa muziki wa filamu nzima ni Hemant Kumar. Anayeimba ni Lata Mangeshkar. Lakini ule mlio unaojipinda kama nyoka mwenyewe, ule uliokuwa mluzi wa mzee kila asubuhi, ni vidole vya Kalyanji.

Kwa hiyo mjukuu wako kakosea jina la chombo, ila sikio lake zima: amehisi umeme. Nawe sikio lako zima vilevile: umehisi ulimi wa tete unaopulizwa. Ngoja nieleze imekuwaje kinanda kimoja kikawapa nyote wawili mnachokisikia.

Tuanze na ala iliyokuwa ikiigwa. Wacheza nyoka wa India hupiga pungi, ambayo wengi huiita been. Ni kibuyu kikavu. Upande mmoja hupulizwa, upande wa pili huchomekwa mianzi miwili na kuzibwa kwa nta. Ndani ya kibuyu kila mwanzi una ulimi wake mmoja wa tete. Mwanzi wa kwanza una matundu ya vidole, nao ndio unaoimba. Wa pili hushikilia sauti moja mfululizo chini ya wimbo, haupandi wala haushuki. Mpigaji hujaza pumzi mashavuni, na wakati mashavu yanaisukuma, pua inavuta nyingine, hata sauti isikatike. Wapiga zumari wetu wa pwani nao hupumua hivyo hivyo, na nadhani ndiyo sababu ulipoisikia ukasema zumari bila kusita. Lakini ndani yake ala hizi mbili hazifanani. Zumari ina ndimi mbili zinazopigana, na mwili wake unapanuka kuelekea mwishoni kama faneli. Pungi ina ulimi mmoja, na mwanzi wake una upana uleule toka mwanzo hadi mwisho. Kumbuka tofauti hiyo, nitairudia.

Sasa, Bombay ilijaa wapiga pungi. Kwa nini studio isimwite mmoja wao barabarani? Mimi ninavyoona kifundi, pungi haifai kwa kazi ile. Ina sauti chache, na imefungwa kwenye ufunguo mmoja: aliyeitengeneza akishatoboa matundu, basi. Haiwezi kupanda juu zaidi ili imfuate Lata, na ukitaka wimbo uhame nusu sauti ili mwimbaji astarehe, huna la kufanya ila kutafuta pungi nyingine. Halafu kuna fidla, kuna tabla, kuna okestra nzima iliyokwisha kurekebishwa pamoja, na kibuyu kile hakisikilizi la mtu. Hemant Kumar alihitaji mlio wa pungi unaotii kama kinanda.

Na kinanda hicho kilikuwapo tayari, kimetengenezwa na mtu ambaye hakuwa na nyoka wala pungi katika mawazo yake.

Constant Martin alikuwa mhandisi Mfaransa, akifanya kazi Versailles, mji uleule wa kasri la wafalme karibu na Paris. Vita Kuu ya Pili ilikuwa imekwisha miaka miwili tu. Ala za umeme hazikuwa jambo geni: Mrusi Lev Theremin alikwisha tengeneza mwaka 1920 chombo kinachopigwa kwa kupunga mikono hewani bila kukigusa, na mwaka 1928 Mfaransa mwenzake Martin, Maurice Martenot, alionyesha mjini Paris kinanda kinacholia kama sauti ya mtu anayeimba kwa mbali. Vyote viwili ni vizuri mno, na vyote viwili ni vigumu. Vinahitaji mtu atoe miaka ya maisha yake. Wamarekani nao, kampuni ya Hammond, walikuwa wameuza tangu 1940 kinanda kidogo cha kufunga chini ya vibao vya piano, ili mpiga piano apate sauti ya ziada kwa mkono wa kulia. Martin alilishika wazo hilo la mwisho na kulirahisisha. Clavioline yake ilikuwa na vibao vya oktavu tatu (oktavu moja ni toka do hadi do inayofuata), ilikunjwa ndani ya sanduku la kubebwa mkononi, na spika yake pamoja na amplifaya zilikuwa kwenye sanduku la pili. Mpiga piano wa dansi alifika ukumbini na masanduku yake mawili, akakifunga kinanda chini ya piano, akachomeka umeme. Mkono wa kushoto uliendelea na piano, wa kulia ukawa fidla, au klarineti, au tarumbeta, kulingana na swichi alizozibonyeza.

Hivyo ndivyo kilivyonadiwa: kinanda cha kuiga ala nyingine. Kampuni ya Selmer ilikitengeneza na kukiuza Ulaya, Gibson ikakiuza Marekani. Mjerumani Harald Bode, ambaye jina lake litakutokea kila ukichimba historia ya vyombo hivi, alitengeneza aina iliyokuwa na swichi ya kuhamisha oktavu hata vibao vichache vile vikafikia oktavu sita.

Nimewahi kufungua Clavioline mbili kwa mikono yangu, nikiwa bado mwanafunzi wa ufundi katika karakana moja huko Uingereza. Ukiwasha, unangoja. Zile taa za vioo, kama zile za redio kubwa za zamani, zinaanza kuwaka rangi ya chungwa polepole, vumbi juu yake linaungua kidogo, na harufu ile mimi hadi leo naipenda. Mafundi wa redio wanaziita valvu. Zikishapata moto, kinanda kiko tayari.

Watu wengi hudhani kila kibao kina sauti yake ndani, kama piano ilivyo na nyuzi zake. Humo hamna. Muna chemchemi moja tu ya sauti, saketi moja ya valvu inayotetema yenyewe bila kupumzika. Vibao vyote vimeunganishwa kwenye mnyororo mmoja wa rezista, vifaa vidogo vya kupunguza mkondo wa umeme, na kibao unachobonyeza ndicho kinachoamua umeme upite sehemu ndefu au fupi ya mnyororo ule. Ukipita kwingine, chemchemi inatetema haraka zaidi au taratibu zaidi. Ndiyo maana Clavioline haiwezi kutoa sauti mbili kwa pamoja. Bonyeza vibao vitatu, unapata sauti moja. Mpiga piano aliyezoea kodi, yaani sauti kadhaa kwa pamoja, hujisikia amefungwa mkono. Mwimbaji, kwa upande wake, angeielewa mara moja, maana koo nalo halina sauti mbili.

Huo mnyororo mmoja una faida ambayo fundi huithamini kuliko mwanamuziki. Valvu zikipata joto, sauti huhama kidogo, zote kwa pamoja, kwa sababu chanzo ni kimoja. Mpigaji anazungusha kirungu kimoja, kinanda kizima kinarudi kwenye mstari. Tatizo linakuja kifaa kimoja cha mnyororo kinapozeeka: kibao chake kinapotea, na vibao vilivyo mbele yake kwenye mnyororo vinapotea nacho. Nilikaa siku mbili nzima na mojawapo ya vinanda vile, nikirekebisha sauti moja na kuharibu nyingine, mpaka fundi mzee aliyekuwa akinifundisha akaniambia nianze mwisho mmoja wa mnyororo na nisiruke hata kibao kimoja.

Kutoka kwenye chemchemi, sauti hupita kwenye saketi zinazoigawa mara mbili, na tena mara mbili, ili kupata oktavu za chini. Kisha inaingia kwenye vichujio. Kimoja kinazuia sauti nzito, kingine kinazuia sauti kali, na zile swichi zilizopangwa mbele ya vibao ndizo zinazochagua kichujio kipi kifanye kazi. Kuna swichi za kuutia mlio mtetemo, ule unaofanya sauti iyumbe kama ya mtu anayeimba kwa hisia, nao unaweza kuchagua wa haraka au wa taratibu. Chini ya kinanda kuna wenzo wa kusukuma kwa goti. Goti likienda pembeni sauti inakua, likirudi inafifia. Na amplifaya ya sanduku la pili nayo haikai kimya: imetengenezwa ikwaruze sauti kidogo kwa makusudi, na mkwaruzo ule ni sehemu ya tabia ya kinanda. Nimewaona watu wakiunganisha Clavioline kwenye spika safi za kisasa kisha wakashangaa mbona haina uhai.

Nimefika mahali ninapopapenda. Kwa nini chombo hiki, kati ya vyote, kinafanana na pungi?

Kila sauti ya muziki ni kundi la sauti. Ukipiga sauti ya kawaida ya kurekebishia ala, ile inayotetema mara 440 kwa sekunde, juu yake kuna nyingine hafifu za mara 880, mara 1320, mara 1760, mara 2200 na kuendelea. Huzisikii moja moja, unazisikia zote pamoja kama rangi ya sauti. Ala hutofautiana kwa sababu kila moja hutia nguvu katika baadhi ya sauti hizo na kuzinyima nyingine. Mwanzi wenye upana uleule toka mwanzo hadi mwisho, unaopulizwa kwa ulimi mmoja, una desturi yake: unazipa nguvu zile za hesabu witiri, yaani ya kwanza, ya tatu, ya tano, na kuzidhoofisha za pili na za nne. Klarineti iko hivyo, na pungi iko hivyo. Zumari yetu, kwa sababu ya umbo lake la faneli, huzitoa zote, ndiyo maana ukali wake ni wa namna nyingine.

Na ile chemchemi ya umeme ya Constant Martin? Wimbi lake, ukilitazama kwenye kioo cha kupimia, linakaribia kuwa la pembe: linaruka juu, linakaa, linaanguka chini, linakaa, kama ngazi. Wimbi la namna hiyo limejaa sauti za witiri. Rangi yake ni ileile ya mwanzi wenye ulimi mmoja. Mhandisi wa Versailles hakulitengeneza limfurahishe mcheza nyoka. Lilikuwa wimbi rahisi kulipata kwa valvu, nalo lina malighafi nyingi ya kuchuja. Ukiongeza kwamba umeme hauishiwi pumzi, kwamba mtetemo wa swichi unayumbisha sauti, na kwamba goti linaikuza na kuififisha kama shavu linavyofanya, utaona kuwa pungi ilikuwa imelala ndani ya sanduku lile tangu siku ya kwanza, ikingoja mtu wa kuijua.

Aliyeijua ni Kalyanji. Familia yake ilitoka Kutch, magharibi ya India, huko huko ilikotoka sehemu kubwa ya Wahindi wa Zanzibar, Mombasa na Tanga yenyewe. Yeye alizaliwa 1928, na baba yake akawa na duka la vyakula Bombay. Mwanzoni mwa miaka ya 1950 Kalyanji alikuwa mpigaji wa kukodiwa studio na kwenye sherehe, na ni miongoni mwa watu wa kwanza kabisa kuipiga Clavioline India.

Hapa ndipo ninapotaka mjukuu wako asikilize vizuri. Kompyuta za leo zinaweza kuwa na sauti ya pungi halisi iliyorekodiwa kabla, unabonyeza kitufe nayo inalia yenyewe. Kinanda cha Kalyanji hakikuwa na kumbukumbu yoyote. Hakuna swichi ya Clavioline iliyoitwa pungi. Alichokuwa nacho ni wimbi la pembe, vichujio, na masikio yaliyokulia India. Ilibidi achague mwenyewe mchanganyiko wa swichi, kisha, jambo gumu zaidi, ajifunze kupiga vibao kama mtu asiye na vibao. Pungi haikatizi sauti ndipo ianze nyingine. Vidole vinateleza juu ya matundu huku pumzi ikiendelea, na kila sauti imefungamana na jirani yake kwa vitanzu vidogo vya haraka. Kwenye vibao, ukinyanyua kidole mapema mno unasikia pengo, na pengo linafichua kinanda. Ukichelewa, sauti inang'ang'ania ilipo. Ile milio ya kujipinda unayoikumbuka imetoka kwenye ustadi huo wa kuachia na kushika, na kwenye zile sauti za pembeni anazozigusa kwa sehemu ndogo ya sekunde kabla ya kutua. Mpiga piano aliyefunzwa Paris angekuwa na kinanda kilekile na asingeipata.

Hamoniamu ya Ravi ilikuwa na faida yake katika ubia huo, kwa sababu Clavioline, kama nilivyosema, haina sauti mbili, ilhali pungi ina mianzi miwili. Hamoniamu nayo hupiga kwa ndimi zinazotetemeshwa na hewa, ila ni za chuma. Ukizichanganya, umeme unapata mwili na hewa inapata makali. Ravi alikuwa msaidizi wa Hemant Kumar wakati ule. Baadaye akawa mtunzi mkubwa mwenyewe. Kalyanji naye aliungana na mdogo wake Anandji, na wawili hao ndio walioweka muziki wa filamu ya Don ya 1978, ambayo sidhani kama kuna nyumba ya pwani ya kizazi chako isiyoijua.

Nagin ilikuwa filamu iliyoingiza fedha nyingi kuliko zote India mwaka ule wa 1954, na Hemant Kumar akapewa tuzo ya Filmfare ya mtunzi bora mwaka 1956. Zilienea hadithi India kwamba nyoka walikuwa wakiingia kwenye majumba ya sinema wimbo ule ukianza. Nimezipenda hadithi hizo, ingawa nyoka hana sikio la nje, na hupokea zaidi mitetemo mizito ya chini, hasa ile inayopita ardhini. Mbele ya mcheza nyoka, anachokifuata ni kibuyu kinachoyumba mbele ya macho yake, na mguu unaogonga chini. Ila nadhani watu walisimulia hivyo kwa sababu waliamini masikio yao, na hakuna sifa kubwa kuliko hiyo ambayo mpigaji wa studio angeweza kupewa.

Unaniuliza kama mlidanganywa. Nimelifikiria swali hili kwa muda, na jibu langu ni hapana. Pungi ya barabarani haikuwahi kupiga wimbo ule. Mwendo wake, upana wake, kupanda na kushuka kwake, havikuwapo katika ala yoyote kabla Kalyanji hajakaa mbele ya vibao vile. Watu walianza baadaye kuamini kwamba hivyo ndivyo pungi inavyopaswa kulia, na bendi za harusi za India zikaupeleka mlio huo mitaani, vijana wakiucheza kwa kuinua viganja kama kichwa cha swila. Yaani ala ya kuiga iligeuka ikawa ndiyo inayoigwa. Mumeo alipiga mluzi wa muziki halali wa mtu mmoja fundi, na ninachosikitika ni kwamba jina la mtu huyo halikumfikia.

Kinanda chenyewe kilisafiri kwingi, na kila kilipofika kilipewa sauti tofauti. Marekani, Max Crook alifungua Clavioline yake, akaichomekea vipande vya vyombo vingine vya nyumbani, akaibatiza Musitron, nayo ndiyo inayolia kati kati ya wimbo wa Del Shannon wa 1961, Runaway. London, Joe Meek alirekodi mwaka 1962, katika nyumba ya kupanga barabara ya Holloway, wimbo uliopewa jina la setilaiti ya Telstar, ukiongozwa na kinanda cha ukoo huu huu kilichopigwa na Geoff Goddard. Ulifika kileleni Marekani, jambo ambalo hakuna bendi ya Kiingereza iliyokuwa imelifanya kabla. Sun Ra, mpiga jazi aliyesema ametoka sayari nyingine, alikitumia katikati ya miaka ya 1960 kutoa milio ambayo sijui hata niifananishe na nini. Na mwaka 1967 John Lennon wa Beatles alikipiga kwenye Baby, You're a Rich Man. Sikiliza huo wimbo, mama, ukipata nafasi. Utadhani amemwalika mpiga shehnai, ile zumari ya Kihindi, wa harusini. Kijana wa Liverpool, bila shaka bila kumfikiria Kalyanji, aliangukia upande uleule wa kinanda.

Kufikia hapo siku zake zilikuwa zinakwisha. Transista zilikuwa zimechukua nafasi ya valvu, vinanda vya umeme vya sauti nyingi vilishuka bei, na Robert Moog alikuwa tayari anauza sintesaiza zake, vyombo vya kuunda sauti kwa umeme, katika jimbo la New York. Lakini ukoo haukukatika. Uingereza, kampuni ya Tom Jennings ya Dartford ilianza kwa kinanda cha Univox kilichofuata nyayo za Clavioline, na kampuni hiyo hiyo ndiyo iliyokuja kuuza amplifaya na vinanda vya Vox. Japani, Ikutaro Kakehashi alipoanzisha kampuni ya Ace Tone, kielelezo chake cha kwanza cha kinanda, Canary S-2 cha 1962, kilijengwa juu ya wazo la Clavioline. Miaka kumi baadaye mtu huyo huyo akaanzisha kampuni ya Roland. Umewaona wapiga taarabu ya kisasa wakisimama nyuma ya vinanda vyembamba vya umeme, mkono mmoja ukiwa fidla na mwingine ukiwa kodiani? Jina la Roland limeandikwa kwenye vingi vya namna ile. Ndoto ya Constant Martin, mpigaji mmoja awe na ala nyingi chini ya vidole, ndiyo hiyo.

Na kwetu pwani nyimbo za Kihindi hazikuishia kusikilizwa. Waimbaji wa Mombasa walizichukua tuni za filamu na kuzivisha mashairi ya Kiswahili, Juma Bhalo akiwa maarufu kuliko wote kwa hilo, na hamoniamu na tabla zikakaa kwenye taarabu kama wenyeji. Kwa hiyo masikio yako yalilelewa jirani sana na ya Kalyanji. Sishangai uliiona ile sauti kuwa ya nyumbani.

Kama ubishi bado upo, mweke mjukuu wako karibu, mchukue simu yake na masikio ya kuvaa, mgawane moja moja. Sikilizeni kwanza wakati mlio wa nyoka uko peke yake, kabla Lata hajaingia. Hesabuni mnavyopumua ninyi, kisha tafuteni mahali ambapo mpigaji anavuta pumzi. Hamtapaona. Halafu sikilizeni kila sauti inavyoanza: ya kupulizwa huanza na kihewa kidogo, "f" au "h" ya mbali, ya vibao huanza kwa ukingo mkali. Mkishaizoea, shukeni na sikio chini ya wimbo, tafuteni sauti nyingine iliyotulia, nene kidogo, yenye mguno wa hewa. Hiyo ni hamoniamu, ni mkono wa Ravi. Mkiweza kuzitenga hizo mbili, rudieni tangu mwanzo, na safari hii fuateni vile vitanzu vya haraka peke yake, vile ambavyo nina hakika mzee alikuwa akivipiga kwa mluzi huku wembe ukiwa shavuni.